Delphis Charlebois, Kipa wa Kulipwa

Delphis Charlebois aliishi kwa mchezo wa hoki ya barafu misimu minane, na katika misimu yote minane hakuwahi kujua kuteleza vizuri. Vifundo vyake vya miguu vilikuwa legelege tangu kuzaliwa. Akivaa viatu vya kutelezea vyenye makali ya chuma alisimama kama ndama wa siku moja, magoti yakitazamana. Watoto wenzake wa Portage-Vaillant, kijiji cha Wakanada wanaosema Kifaransa, walikwenda shule kwa kuteleza juu ya Mto Ottawa ulioganda. Yeye alipita ukingoni kwa miguu, kofia ya sufu imemfunika masikio, akijifanya mtu anayependa kutembea.

Alichojaliwa ni mikono. Alipofika miaka kumi na mitano aliingia kiwanda cha mbao kama baba yake, akapangiwa mashine ya vigae, vile vibamba vyembamba vya mbao vya kuezekea paa. Msumeno unazunguka, kigae kinakatika, kinaruka, nawe unakidaka kwa mkono wa kushoto, unakikagua, unakitupa kwenye fungu lake, na kabla hujapepesa macho kingine kimeshafika. Ilikuwa hivyo kutoka king'ora cha asubuhi hadi king'ora cha jioni. Watu wa mashine ile ukiwapa mkono ulikuwa unashika vidole vitatu, vinne. Delphis alipoteza kimoja tu, kidole kidogo cha kulia, na hicho alikipoteza siku aliyokwenda kazini na homa.

Mwaka 1901, wiki ya kwanza ya theluji, kipa wa timu ya kijiji alipata kazi kwenye kambi za magogo akaondoka bila kuaga. Mechi ilikuwa Jumamosi. Hormidas, mdogo wake Delphis, ndiye aliyekuwa roho ya timu ile ingawa alikuwa na miaka kumi na tisa tu. Yeye aliteleza kama wengine wanavyopumua. Alimkuta kaka yake mezani anakula supu ya njegere, akasimama mbele yake.

"Kaka, Jumamosi njoo usimame golini."

"Mimi? Mimi kusimama kwenyewe siwezi."

"Ndiyo maana nakwambia golini. Huko hatukimbii. Egemea nguzo ukitaka."

"Na kile kisahani mnachokipiga kikija?"

"Kidake! Si ndiyo kazi yako ya kila siku? Jifanye ni kigae."

Delphis alimaliza supu yake, akafuta bakuli kwa mkate, akasema atajaribu mara moja. Jumamosi alifungwa mabao matano na timu ikashinda kwa sita. Jumamosi iliyofuata alifungwa mawili. Kisahani cha mpira mgumu kilikuwa kizito kuliko kigae, lakini hakikuja kwa wingi ule, na hakikuwa na msumeno nyuma yake. Alikidaka, akakiachia papo hapo miguuni kama sheria ilivyotaka, na mlinzi akakichukua. Kufika Krismasi watu walikuwa wakija kutoka vijiji vya ng'ambo kumtazama.

Sheria ya siku zile ilimkataza kipa kuanguka. Alitakiwa adake akiwa wima, na akipiga goti au akijilaza mbele ya goli refa alimtoa nje dakika kadhaa. Kwa vifundo vile Delphis alianguka mara nne au tano kila mechi, na hapana refa aliyeweza kuapa kwamba ameanguka makusudi. Naye kila akiinuka alivua kofia.

"Samahani, bwana refa. Miguu hii nilipewa na Mungu."

Watu walicheka, na refa naye, akiwa mtu wa kucheka, alimsamehe. Tukisema kweli, baada ya msimu wa kwanza nusu ya maanguko yale yalikuwa ya makusudi. Delphis mwenyewe alikuwa hajui tena ni yapi.

Mwaka 1903 alimwoa Exilda, binti wa mhunzi, mwanamke mfupi mwenye sauti ya kuita ng'ombe, aliyekuwa amefanya kazi jikoni kwa Waingereza mjini na kuijua lugha yao kuliko mumewe. Ilikuwa bahati, kwa sababu Novemba ya mwaka uliofuata aligonga mlango mgeni aliyevaa koti la manyoya ya rakuni, Bwana Jabez Penhallow, meneja wa timu ya Keel Harbor, mji wa machimbo ya shaba kwenye Ziwa Superior, upande wa Marekani. Huko wenye machimbo walikuwa wameanza kitu kipya: ligi ya wachezaji wanaolipwa mshahara, wazi, bila kujificha. Penhallow alikaa kwenye kiti karibu na jiko, koti lake likaanza kutoa harufu ya mnyama aliyelowa.

"Mama," alimwambia Exilda, "mumeo anaozesha kipaji chake kwenye vumbi la mbao."

"Vumbi la mbao halijamng'oa jino hata moja. Huko kwenu kipa anabaki na mangapi?"

Penhallow alicheka, na kwa kucheka akaonyesha pengo la meno manne mbele. "Mimi sikuwa kipa. Nilikuwa mshambuliaji."

"Basi mmeshapungua nyie mnaopiga. Anayepigwa je?"

"Akiumia, daktari ni wa klabu. Akilala kitandani, mshahara unaendelea."

"Andika."

"Niandike nini, mama?"

"Hayo uliyosema sasa hivi. Yaandike hapo chini kabla hajaweka jina lake."

Penhallow alimtazama Delphis, kama anayeomba msaada kwa mwanamume mwenzake. Delphis alikuwa anatazama dari. Basi Penhallow akatoa kalamu akaandika, Exilda akasoma mara mbili kidole kikifuata mistari, na Delphis akatia sahihi.

Kijijini hawakumwonea wivu kwa mshahara. Ulikuwa mkubwa kiasi kwamba waliuchukulia kama hadithi. Kilichowaudhi ni barua iliyokuja wiki mbili baadaye kutoka chama cha michezo ya ridhaa. Jina la Delphis Charlebois lilikuwa limefutwa maisha. Na yeyote atakayecheza pamoja naye, au dhidi yake, popote, hata kwa mzaha, naye angehesabiwa ameuza mchezo. Hormidas aliisoma barua ile kwenye ngazi za kanisa, watu wakitoka misa.

"Maisha, kaka. Wameandika maisha. Hata tukicheza mtoni na ndoo mbili badala ya goli, nami nimekwisha."

"Basi tusicheze mtoni."

"Rahisi hivyo?"

"Msimu uliopita niliwadakia bure, nikakosa siku tisa za kazi. Uliwahi kuniuliza nyumbani kwangu tulikula nini?"

Hormidas alikunja barua vipande vinne, akakunja tena vinane. "Haya, nenda. Ila usije ukanisimulia habari za huko."

Delphis alikwenda kwa treni siku mbili, sanduku moja, na viazi vya kuchemsha alivyofungiwa na Exilda.

Keel Harbor ilinuka moshi na chuma. Alipanga chumba kwa mjane mmoja wa wachimbaji kutoka Cornwall, Bibi Uren, aliyewalisha wachezaji wanne kila siku mkate wa kukunja uliojaa nyama, viazi na vitunguu, na hakuwasikiliza waliolalamika. Uwanja ulikuwa jengo refu la mbao lenye paa, na barafu yake ilitengenezwa na baridi yenyewe. Siku za joto walicheza katika maji ya kufika kwenye kamba za viatu. Wachezaji walikuwa saba kila upande, dakika sitini, bila kubadilishana. Aliyechoka alicheza amechoka. Nyuma ya goli watazamaji walisimama karibu kiasi cha kumgusa kipa, na kwenye miji ya wapinzani walimgusa kweli, wanaume kwa miavuli na wanawake kwa pini za kofia. Delphis alivaa pedi za wachezaji wa kriketi, na ndani ya soksi akapachika kurasa za katalogi ya duka la nguo.

Maanguko yake yaliwafurahisha watu wa machimbo kuliko alivyotarajia. Marefa wa ligi ile, hata hivyo, hawakuwa watu wa kucheka.

"Charlebois, leo ni mara ya nne!"

"Barafu yenu inateleza, bwana."

"Dakika tatu, nje!"

Kipa akitolewa, mmoja wa wachezaji wenzake alilazimika kusimama golini. Kazi hiyo ilimwangukia kila mara mlinzi mkubwa aliyeitwa Corliss Tweedy, mtu wa kilo mia na zaidi, aliyeogopa kisahani kama mtu anavyoogopa nyuki.

"Mfaransa," Tweedy alimwambia siku moja wakiwa wanavua viatu, "ukianguka tena nakupigilia misumari kwenye nguzo."

"Pigilia chini kidogo. Huko ndiko wanakopiga."

Tweedy akacheka hadi kikohozi kikampanda. Tangu siku hiyo wakawa wanakaa pamoja kwenye treni. Hawakuwa na lugha ya kutosha ya kuzungumza, wakacheza karata.

Februari 1906, kipindi cha pili kikiwa katikati, kisahani kilimpiga Delphis chini ya jicho la kushoto kikamvunja mfupa wa shavu. Alianguka, na mara hiyo refa hakumwambia kitu. Daktari wa klabu alimshona nyuzi tisa kwenye benchi la chumba cha kubadilishia nguo, Tweedy akimshika kichwa kwa mikono miwili. Mechi ilisubiri. Bendi ya tarumbeta ya pale uwanjani ilipiga wimbo mmoja mara tatu kwa sababu midomo ya wapigaji ilikuwa imeganda na huo ndio waliouweza.

"Unaona vidole vingapi?" daktari aliuliza.

"Vyako vyote vipo, umebahatika."

Akarudi golini. Jicho lilizidi kuvimba, na kufika dakika za mwisho alikuwa akiona kwa moja. Akafungwa mawili ambayo siku nyingine angeyadaka huku anapiga miayo. Walishinda sita kwa tano. Alilala siku kumi na moja, na mshahara uliendelea kama Exilda alivyoandikisha.

Katika barua zake hakumwandikia mkewe juu ya shavu. Aliandika kwamba Bibi Uren anaweka pilipili manga nyingi. Exilda alijua siku alipomwona anashuka treni mwezi wa tatu, uso umepinda kidogo upande mmoja, kama mtu anayetaka kusema jambo kisha akaghairi.

"Ndio uso wenyewe huu?" aliuliza.

"Ndio huu."

"Haya. Twende, farasi anapata baridi."

Aliipenda kazi yake? Watu walimuuliza hilo hata alipozeeka. Hakuupenda mchezo kama Hormidas alivyoupenda, hakuwahi kuuota. Alipenda kitu kimoja tu, na hicho hakumwambia mtu: zile nukta chache ambapo mpinzani ameinua fimbo, na uwanja mzima umenyamaza, na yeye anajua tayari kisahani kitapita wapi. Baada ya hapo yalikuwa makelele tu.

Bei ya shaba ilishuka mwaka 1907 na ligi ya machimbo ikafa nayo. Delphis akahamia timu ya mji wa machimbo ya fedha huko kaskazini mwa Ontario, halafu nyingine, akibadilisha rangi ya fulana kila msimu kama wachezaji wote wa kulipwa wa wakati ule. Majira ya joto alirudi Portage-Vaillant kwenye mashine ya vigae. Hormidas alimsalimia kanisani, akambeba binti wa kwanza wa Delphis, aliyekuwa mtoto wake wa ubatizo, akala kwao Jumapili. Juu ya hoki hawakuzungumza.

Januari 1909 fimbo ya mtu ilimvunja Delphis mifupa miwili ya kiganja cha kulia, akarudishwa nyumbani na mkono umefungwa kwenye vibao. Ndiyo maana alikuwepo kijijini mwezi wa pili, timu ya Hormidas ilipofika fainali ya kombe la bonde, kwa mara ya kwanza, dhidi ya Waskoti wa Kinnoull Mills.

Fainali ilichezwa Portage-Vaillant Jumamosi mchana, jua kali na baridi ya kukausha machozi. Usiku wa kuamkia siku hiyo theluji ilikuwa imeizuia treni, na mmoja wa waamuzi wa goli hakufika. Mwamuzi wa goli alikuwa mtu anayesimama juu ya barafu, nyuma kabisa ya wavu, na leso nyeupe. Kisahani kikiingia anaiinua, na neno lake ndilo la mwisho. Watu wakaanza kubishana. Kila mtu wa kijiji aliyetajwa, Waskoti walimkataa. Kisha nahodha wao, Dougald Rennie, mchonga mawe mwenye masharubu mekundu, akamwona Delphis amesimama mlangoni mwa uwanja.

"Yule pale. Tunamtaka yule."

"Huyo ni wa kulipwa!" mtu alipiga kelele. "Amefungiwa maisha!"

Refa, mwalimu wa shule mwenye haraka ya kurudi kwake, alifungua kijitabu cha sheria kwa mikono ya baridi. "Imeandikwa asicheze. Kusimama hata farasi anaruhusiwa."

"Kwa nini mnamtaka kaka yangu?" Hormidas alimuuliza Rennie.

"Kwa sababu anajua goli likoje. Nyinyi hamtaki?"

Hormidas alirudi kwenye nafasi yake, macho ya watu mia sita yakimfuata. Delphis akapewa leso, akavuka barafu kwa viatu vyake vya kawaida, hatua ndogondogo, akaenda kusimama nyuma ya wavu wa upande wa mto. Kipindi cha kwanza Waskoti ndio waliolilinda goli lile. Hormidas alifunga mawili pale, na mara zote mbili leso ilipanda, na kijiji kikaimba jina la Charlebois bila kufafanua ni yupi.

Kipindi cha pili timu zikabadilishana pande. Sasa aliyesimama mbele ya Delphis alikuwa kipa wa kijiji chake. Yalikuwa mabao manne kwa manne na dakika tano zimebaki Rennie alipokitoa kisahani kwenye rundo la miguu na kupiga kwa nguvu zake zote. Kisahani kilipita chini, kikagonga ubao wa nyuma, kikarudi mchezoni. Watu walipumua: kimekosa. Kipa mwenyewe alishusha mabega. Hata Rennie aligeuka akirudi kwao.

Leso ya Delphis ilikuwa juu.

Alisema baadaye kwamba hakuamua. Kisahani kilikuwa kimepita ndani ya nguzo, kikatoboa wavu na kutokea upande wa pili. Alikiona, na akausikia wavu ukikatika, sauti ndogo kama uzi wa nguo. Mkono wa kushoto ukapanda jinsi ulivyokuwa ukipanda kwa kigae. Mawazo yalikuja nyuma yake, mkono ukiwa tayari umeshafika juu: kwamba yule anayekuja kwa kasi kutoka katikati ya uwanja ni mdogo wake.

"Shusha hiyo leso," Hormidas alisema akihema.

"Kimeingia."

"Nani kaona?"

"Mimi."

"Wewe! Ulituuza kwa wachimbaji, leo unatuuza kwa Waskoti?"

"Tazama wavu. Kulia, chini kabisa. Nyuzi zimekatika."

Hormidas hakutazama. Alibaki amemkodolea macho kaka yake, mvuke ukimtoka puani. Refa ndiye aliyeinama, akapitisha vidole vitatu kwenye tundu, akainuka.

"Hilo tundu ni la zamani!" walipiga kelele watu wa upande ule. "Panya kalitoboa! Delphis, shusha! Shusha, we msaliti!"

"Mwamuzi wa goli," refa alimuuliza, "unasimama na neno lako?"

"Kimeingia," Delphis alisema kwa mara ya pili.

Mechi ikaisha tano kwa nne. Waskoti waliondoka na kombe wamelifunika blanketi, magari yao ya kuteleza yakikimbizwa na mvua ya vipande vya barafu. Delphis alirudi nyumbani kwa miguu kupitia ukingo wa mto. Exilda alikuwa ameshapata habari.

"Na ungeiacha chini?" aliuliza, akimfungua vifungo vya koti kwa kuwa mkono mmoja haukutosha. "Nani angejua?"

"Hakuna."

"Basi?"

"Mkono ulipanda kabla yangu, Mama."

"Basi mkono wako ni mkorofi kuliko wewe," alisema, akaenda kupakua chakula.

Hakumuuliza tena. Kijiji nacho kilikuwa na njia zake. Jumapili, benchi lao kanisani lilibaki na nafasi ya watu wanne. Jumatatu asubuhi walikuta leso nyeupe imepigiliwa mlangoni kwa msumari. Jumatano nyingine, na Ijumaa mbili. Exilda alizing'oa, akazifua, akaziba matundu ya misumari kwa sindano, akazipiga pasi, na Jumapili iliyofuata akaingia kanisani anapenga kamasi kwa mojawapo, taratibu, mbele ya wote.

"Wakiendelea hivi," alimwambia jirani kwa ile sauti yake, "mimi leso sitanunua mpaka nife."

Leso zikakoma. Lakini Hormidas alikoma pia. Hakuja Jumapili. Wakikutana njiani alitazama mto. Mwaka ule ukapita hivyo, na uliofuata, na miwili mingine.

Delphis alicheza misimu mitatu zaidi. Alikuwa na miaka thelathini na mbili meneja wa timu yake ya mwisho alipomwita pembeni kwenye kituo cha treni, akaanza kwa kusifu hali ya hewa.

"Mmepata kijana," Delphis alimsaidia.

"Tumepata kijana. Wa Quebec. Anateleza kama malaika, huwezi kuamini kipa anateleza vile."

"Vizuri. Mwambie afunge shingoni kitambaa kinene. Huko juu hakuna pedi."

Akarudi nyumbani kabisa. Kwenye mashine ya vigae alidumu wiki sita. Kiganja kilichovunjika kilikuwa kinachelewa kidogo, na msumeno haukuwa na subira. Msimamizi alimtoa hapo kabla damu haijamwagika, akampa kazi ya kunoa misumeno, na majira ya baridi akawekwa kwenye kikosi cha kukata barafu mtoni kwa ajili ya kiwanda cha siagi. Mkubwa wa kikosi hicho alikuwa Hormidas. Walifanya kazi pamoja, mmoja akitoa amri kwa kumwambia mtu wa pembeni amwambie mwenzake.

Januari 1914, asubuhi ya upepo, farasi mmoja wa kuvuta mabonge ya barafu alikanyaga mahali palipokatwa siku iliyotangulia na kuganda upya kwa wembamba. Akazama hadi shingo. Barafu ilipasuka pande zote na vibarua wakarudi nyuma. Farasi alipiga kelele ambayo Delphis alisema haikufanana na farasi. Hormidas alikuwa na kamba lakini hakuweza kusogea; kila hatua aliyopiga ilitoa mlio chini yake.

Delphis alijilaza. Kwa tumbo, mikono imenyooshwa, akajisukuma kwa vidole vya viatu hadi ukingo wa shimo, maji yakimwingia mikononi mwa koti. Farasi alirusha kichwa kulia, kushoto, kulia. Delphis alisubiri kirudi, akadaka hatamu.

"Kamba!"

Hormidas akaitupa. Delphis akaipitisha shingoni mwa mnyama, akaifunga kitanzi cha kumkaba, kama wanavyofanya watu wa mto, ili ajae hewa na kuelea. Kisha watu wanane wakavuta kutoka nchi kavu, na Hormidas mbele yao akipaza sauti hadi ikakatika.

"Kaza! Kaka, kaza! Usimwachie kichwa! Kaka!"

Farasi alitoka kama gogo, ubavu mzima ukiburuzwa. Walimfungua kamba, wakamsugua kwa magunia, wakamtembeza huku na huku hadi alipoacha kutetemeka. Hormidas alivua koti lake akamfunika Delphis, ambaye meno yalikuwa yanagongana. Walisimama hivyo, migongo kwa upepo.

"Mikono unaisikia?" Hormidas aliuliza.

"Wa kushoto."

"Ipenyeze hapa, kwapani kwangu. Haya." "Mwaka ule. Nilikuwa hatua mbili kutoka kwenye nguzo."

Delphis alipenyeza mikono.

"Nami nilikiona," Hormidas alisema. "Kilipoingia, nilikiona."

"Najua. Hukutaka kuinama."

Walimrudisha farasi zizini, wakaenda kwa Exilda, naye akawapa maharage yaliyookwa na nyama ya nguruwe, akawakaripia wote wawili kwa kulowesha sakafu. Hormidas alirudi mezani pale Jumapili ile, na zilizofuata.

Hormidas alikufa katika mafua makubwa ya mwaka 1918, ndani ya siku tano, akiwa na miaka thelathini na sita. Aliacha mke, Philomène, na mabinti watatu. Nyumba ilikuwa ya kampuni, ikatakiwa irudishwe. Delphis alikwenda na gari la kuteleza la kiwanda cha siagi, akapakia vitanda viwili, jiko, mashine ya kushonea na mabinti juu yake, akawaleta kwake, ambako tayari kulikuwa na mabinti wanne wake mwenyewe. Exilda na Philomène hawakuwahi kupendana sana. Waligawana jikoni, mmoja akapika asubuhi na mwingine jioni, na kila mmoja alilalamika kwa Delphis juu ya chumvi ya mwenzake.

Yeye alikula vyote. Alinoa misumeno ya kiwanda miaka ishirini na moja baada ya hapo, na Jumapili baada ya misa alilala kwenye kiti karibu na jiko, shavu lililopinda limegeukia ukutani, huku mabinti saba wakipita juu ya miguu yake wakitafuta viatu.